Hamza Choudhury: maswali yanayoulizwa sana kuhusu kiungo aliyeijaza tena Dhaka

Tangu Machi 2025 nikimtaja Hamza mahali popote lazima mtu aulize kitu, na maswali ni yaleyale, kwa hiyo nimeamua kuyaweka sehemu moja. Mengine nimeyajibu kwa urefu manake yananigusa, mengine fasta fasta.

Hamza ni nani kwa ufupi?

Hamza Choudhury ni kiungo mkabaji, kazaliwa tarehe 1 Oktoba 1997 Loughborough, mji mdogo tu pale mkoa wa Leicestershire, Uingereza. Kakulia akademi ya Leicester City na ndo mchezaji wa kwanza mwenye damu ya Bangladesh kucheza Ligi Kuu ya Uingereza. Toka 2025 anaichezea timu ya taifa ya Bangladesh.

Mbona jina la Kibengali alafu kichwani ana afro kubwa vile? Asili yake wapi hasa?

Mama yake ni Mbangladeshi, baba aliyemzaa asili yake Grenada, kile kisiwa cha Karibiani, ndo nywele zinakotoka. Ila aliyemlea ni baba wa kambo, naye ni Mbangladeshi, na jina la Choudhury limetoka huko. Kwa hiyo nyumbani alikulia kwenye wali na mchuzi wa samaki na lugha ya Kisylheti, na mpaka leo Kisylheti anakiongea vizuri tu, sio kile cha kubabaisha cha mtoto wa ughaibuni anayejua salamu peke yake.

Kijiji cha familia kinaitwa Snanghat, wilaya ya Habiganj, upande wa Sylhet kaskazini mashariki mwa nchi. Hapo pana historia ndefu kidogo. Wabangladeshi walio wengi Uingereza wametokea Sylhet, kisa ni kwamba zamani za ukoloni vijana wa kule walikuwa wanaajiriwa kama mabaharia kwenye meli za Waingereza, wengine wakashuka London wakabaki, wakaita ndugu, ndugu wakaita ndugu, mpaka ile migahawa inayoitwa ya Kihindi kila kona ya Uingereza ukichunguza mwenyewe ni mtu wa Sylhet. Sisi watu wa pwani hii stori tunaijua, kila ukoo una mjomba aliyepanda meli akaenda Muscat au Cardiff hakurudi.

Alianzaje mpira?

Mama ndo alimpeleka. Leicester wakamchukua akiwa bado mtoto wa shule ya msingi, akakua nao ngazi kwa ngazi. Jumanne na Alhamisi akitoka shule anaenda kusoma Kurani, siku zingine mazoezi. Mwenyewe ameshasema kwenye mahojiano kwamba kabla ya kutoka chumba cha kubadilishia anasoma Ayatul Kursi na dua nyingine ndogo ndogo alizofundishwa na mama. Hii inanigusa sana, manake mtoto yeyote aliyepita chuoni Zanzibar au Mombasa anajua hiyo hali ya kumaliza kusoma unakimbilia uwanjani kabla jua halijazama.

Kucheza timu kubwa kulianza lini?

Februari 2016 Leicester walimtoa kwa mkopo kwenda Burton Albion, iliyokuwa daraja la tatu chini ya kocha Nigel Clough, na msimu huo Burton wakapanda Championship, yaani daraja la pili, kwa mara ya kwanza katika historia yao. Ndo shule yake ya kwanza ya mpira wa wanaume.

Leicester wenyewe walimpa nafasi tarehe 19 Septemba 2017, Kombe la Ligi dhidi ya Liverpool, akitokea benchi, wakashinda 2-0. Ligi Kuu ikawa tarehe 28 Novemba 2017 dhidi ya Tottenham, tena akitokea benchi, wakashinda 2-1. Dakika chache tu, lakini ndo siku ile mlango ulipofunguka.

Goli lake la kwanza ukipata muda litafute: Mwaka Mpya 2020, ugenini kwa Newcastle, Leicester tayari wanaongoza, mpira unamkuta nje ya boksi anaachia mchomo unaenda mpaka nyavuni, mechi ikaisha 3-0.

Ni kweli yeye ndo wa kwanza? Hakukuwa na mwingine kabla?

Ligi Kuu ndiyo, yeye wa kwanza. Ila mimi sipendi hili jibu likiishia hapo, manake waliolima shamba kabla yake wapo na wanasahaulika vibaya.

Anwar Uddin alikuwa West Ham akiwa kijana, akashinda nao Kombe la FA la vijana 1999, baadae akawa nahodha wa Dagenham & Redbridge. Beki mgumu. Huyu ndo Mwingereza wa kwanza mwenye asili ya Bangladesh kuishi kwa kucheza mpira wa kulipwa, ila Ligi Kuu hakufika.

Upande wa Bangladesh kwenyewe kuna Kazi Salahuddin, straika wa Abahani ya Dhaka, ambaye miaka ya sabini alikwenda Hong Kong kuchezea Caroline Hill, Mbangladeshi wa kwanza kucheza soka la kulipwa nje. Baadae akawa rais wa shirikisho la soka la Bangladesh kuanzia 2008 mpaka 2024. Uongozi wake watu wanaubishania mpaka kesho, lakini mguu wake hakuna anayeubishia.

Na Salahuddin alikuwemo kwenye kitu kikubwa kuliko vyote, ile timu ya 1971. Nchi iko vitani inapigania uhuru kutoka Pakistani, wachezaji waliokimbilia India wakaunda timu inaitwa Shadhin Bangla, nahodha Zakaria Pintoo, wakawa wanazunguka miji ya India wanacheza mechi za kirafiki, hela inaenda kwenye mapambano. Mechi ya kwanza ilikuwa tarehe 25 Julai 1971 Krishnanagar. Kabla mpira haujaanza wakaingia na bendera ya nchi ambayo dunia ilikuwa bado haijaitambua, wakaizungusha uwanja, ikapandishwa mlingotini. Mechi ikaisha 2-2. Mi kila nikiona Hamza amesimama kwa wimbo wa taifa huwa nawakumbuka hao.

Lakini Bangladesh si watu wa kriketi?

Siku hizi ndiyo. Miaka ya sabini na themanini mpira wa miguu ndo ulikuwa mfalme, Abahani na Mohammedan za Dhaka zilikuwa kama Simba na Yanga, siku ya mechi yao mji unagawanyika nyumba kwa nyumba. Kilichogeuza mambo kinatuhusu sisi pia: tarehe 13 Aprili 1997, Kuala Lumpur, fainali ya ICC Trophy, mashindano ya kufuzu Kombe la Dunia la kriketi, Bangladesh waliifunga Kenya kwa mpira wa mwisho kabisa. Wakenya waliokuwa wanafuatilia kriketi enzi zile hiyo siku wanaikumbuka kwa uchungu. Bangladesh wakaenda Kombe la Dunia 1999, mwaka 2000 wakapewa hadhi ya kucheza mechi za Test, zile za siku tano za ngazi ya juu kabisa ya kriketi, na kuanzia hapo watoto, hela na televisheni vyote vikahamia kriketi.

Hamza alizaliwa kama miezi sita baada ya ile fainali. Yaani umri wake wote ni umri wa soka la Bangladesh kukaa pembeni. Na mapenzi hayajawahi kuisha kabisa, ikifika Kombe la Dunia la soka nchi nzima inavaa bendera za Argentina na Brazil, mitaa kwa mitaa. Walichokuwa hawana ni mtu wao wenyewe wa kumshangilia.

Ile picha na bendera ya Palestina ni ya wapi?

Wembley, tarehe 15 Mei 2021. Fainali ya Kombe la FA, Leicester dhidi ya Chelsea, goli moja tu la kiungo wao Tielemans kutoka mbali, na Leicester walikuwa wameshapoteza fainali nne huko nyuma, kombe hili hawajawahi kuligusa. Hamza aliingia dakika za mwisho kusaidia kulinda, akawa mchezaji wa kwanza mwenye asili ya Bangladesh kulibeba.

Wakati huo Gaza ilikuwa inapigwa mabomu. Baada ya filimbi Hamza na mwenzake wa Leicester Wesley Fofana wakatembea uwanjani na bendera ya Palestina, Hamza kaiweka mabegani. Kijana wa miaka 23, siku kubwa kuliko zote za maisha yake ya mpira, angeweza kunyamaza akafurahia medali, na wala hakuna ambaye angemlaumu. Ile picha ilizunguka dunia nzima, na kuna watu wengi tu wasiofuatilia mpira waliomjua Hamza kupitia hiyo.

Anacheza namba ngapi?

Namba sita kwa asili, yule anayekaa mbele ya mabeki anakata njia. Lakini amechezeshwa sana beki wa kulia pia. Usimtegemee kwa chenga, yeye kazi yake ni kunusa hatari, kuingia miguuni mwa mtu na kutoa mpira mbele haraka. Bangladesh wanampa uhuru zaidi, anapanda, anapiga faulo na penalti, kule unamuona Hamza ambaye Leicester hawakuwahi kumuona.

Kuna kadi nyekundu watu wanaitaja, ilikuwa nini?

Juni 2019, Euro ya chini ya miaka 21, England na Ufaransa. Hamza aliingia kwa nguvu mguuni kwa Jonathan Bamba, ilikuwa rafu mbaya kweli, refa akaenda kuangalia video akamtoa, na England waliokuwa wanaongoza wakaishia kufungwa 2-1 dakika za nyongeza. Mi ni shabiki wake lakini ile haina utetezi. Na bila shaka ilimrudisha nyuma, kwenye timu ya wakubwa ya England hakuitwa kamwe.

Sasa kama alichezea England vijana, Bangladesh imempataje?

Mechi za vijana hazikufungi maisha. Kanuni za FIFA zinaruhusu kuhama kama hujacheza mechi za ushindani za timu ya wakubwa kwa kiwango cha kukufunga na kama una uraia wa nchi unayoiendea. Kwa hiyo ilibidi apate pasipoti ya Bangladesh, ikatoka 2024, alafu ruhusa ya chama cha England na klabu, alafu faili likaenda FIFA. Jibu likarudi tarehe 19 Desemba 2024: ruksa.

Huku kwetu wanaolalamika kuhusu wachezaji wa ughaibuni wajue njia ni hiyohiyo. Haji Mnoga, mzaliwa wa Portsmouth, na Tarryn Allarakhia, wote wazaliwa wa Uingereza, walikuwa na Taifa Stars AFCON ya Januari 2024. Ni makaratasi na nia tu.

Alienda Bangladesh kwa sababu England walimkataa?

Hili swali linaniudhi kidogo. Ndiyo, England ilishapita. Lakini angalia alichokifuata: timu iliyokuwa nafasi ya 185 duniani, viwanja vya shida, safari za masaa kumi na kitu katikati ya msimu wa Championship, mshahara wa timu ya taifa ambao hauongezi kitu kwake. Mtu mwenye hesabu za kawaida angekaa nyumbani apumzike wiki ya mechi za kimataifa.

Mapokezi yalikuwaje?

Tarehe 17 Machi 2025 alitua Sylhet uwanja wa ndege wa Osmani, na familia yake, kwa ndege ya Biman, shirika la ndege la Bangladesh, kutoka Manchester. Watu walikuwa wamejaa mpaka hapapitiki, waandishi wanasukumana, simu juu, yeye katikati na ile afro ndo inayoonekana peke yake. Akaulizwa kuhusu mechi ya India. Akajibu kwa Kisylheti kwamba inshallah wataifunga. Sentensi fupi tu. Lakini fikiria, mtu umekaa miaka unasikia mchezaji wa Ligi Kuu ya Uingereza ni kitu cha kwenye televisheni, leo yupo mbele yako anaongea lafudhi ya bibi yako.

Kutoka hapo kwa barabara mpaka Snanghat, kijiji kizima kiko nje kinamsubiri.

Na mechi yenyewe?

Shillong, India, tarehe 25 Machi 2025, kufuzu Kombe la Asia 2027. India walikuwa wamemrudisha Sunil Chhetri kutoka kwenye kustaafu, miaka 40, mfungaji wao bora wa muda wote. Hamza alimnyima raha usiku kucha. Bangladesh walipata nafasi ya wazi dakika ya kwanza tu baada ya kipa wa India kukosea, wakaikosa, na wakaendelea kukosa. 0-0.

Kwa hiyo ile inshallah ya Sylhet ikabaki haijatimia.

Goli lake la kwanza kwa Bangladesh lini?

Tarehe 4 Juni 2025, Dhaka, mechi ya kirafiki na Bhutan. Uwanja wa taifa ulikuwa umefungwa tangu 2021 kwa ukarabati, ndo unafunguliwa, na Hamza ndo anacheza nyumbani mara ya kwanza. Dakika ya sita kona, anapiga Jamal Bhuyan, Hamza anaruka katikati ya msitu wa watu, kichwa, goli. Mechi iliisha 2-0.

Kona ile imebeba kitu. Jamal Bhuyan kazaliwa Copenhagen, alipokuwa kijana alipigwa risasi kadhaa mtaani akanusurika, 2013 akawa mchezaji wa kwanza wa ughaibuni kuichezea Bangladesh, wakati hakuna aliyekuwa anafanya hivyo na wengi walimshangaa. Miaka kumi na mbili amebeba ile timu. Alafu yeye ndo anampigia Hamza kona ya goli la kwanza.

Na siku kumi na moja kabla yake Hamza alikuwa Wembley na Sheffield United waliomchukua kwa mkopo, fainali ya kupanda Ligi Kuu, wakafungwa 2-1 na Sunderland kwa goli la dakika za nyongeza. Wengi wangeomba likizo.

Wengine wamemfuata?

Ndiyo, na haraka. Shamit Shome kutoka Kanada alianza kwenye mechi ya Singapore tarehe 10 Juni 2025, na Fahamidul Islam aliyekuwa anacheza Italia naye akaitwa na kocha Javier Cabrera. Ila tusiwasahau wanawake, manake wao walitangulia kuleta makombe: wakiongozwa na Sabina Khatun walichukua ubingwa wa Asia Kusini 2022, wakarudia 2024, na 2025 wakafuzu Kombe la Asia kwa mara ya kwanza. Hao hawakusubiri mtu wa ughaibuni.

Ana uhusiano gani na Samatta?

Hawajawahi kuwa timu moja. Watu wanawalinganisha kwa sababu wote ni wa kwanza wa nchi zao Ligi Kuu ya Uingereza, na kuna kinachowaunganisha kidogo: mechi ya kwanza kabisa ya Mbwana Samatta akiwa Aston Villa, tarehe 28 Januari 2020, nusu fainali ya Kombe la Ligi, ilikuwa dhidi ya Leicester, klabu ya Hamza. Tofauti yao ni kwamba Samatta katoka Mbagala kwenda kule, Hamza kule ndo kwao na akachagua kuichezea Bangladesh.

Bangladesh wamefuzu Kombe la Asia 2027?

Hapana. Kundi lilikuwa na India, Hong Kong na Singapore, anayepita mmoja tu, akapita Singapore. Mara pekee Bangladesh waliyocheza Kombe la Asia inabaki 1980.

Kilichowaua ni usiku wa tarehe 9 Oktoba 2025 Dhaka dhidi ya Hong Kong. Hamza akafungua kwa faulo safi, wakapinduliwa mpaka 3-1, wakarudi 3-2, dakika za nyongeza Shamit akapiga kichwa 3-3, uwanja umelipuka watu wanalia wanakumbatiana, na kabla hawajakaa vizuri Hong Kong wakafunga la nne. 4-3. Siku tano baadae wakapata sare ya 1-1 kule Hong Kong lakini hesabu zilikuwa zimeshakataa.

Nitafute goli lipi kwanza nikitaka kumjua?

Nepal, tarehe 13 Novemba 2025, Dhaka, kirafiki. Bangladesh wako nyuma 1-0, kipindi cha pili kimeanza tu, mpira unakuja juu, Hamza mgongo kwa goli, anajirusha, tikitaka, ndani. Kiungo mkabaji huyo! Dakika chache baadae penalti, kipa anaruka upande, yeye anaubetua polepole katikati. Alipotolewa Nepal wakasawazisha mwishoni kabisa, 2-2, na hiyo peke yake inakuambia kitu kuhusu timu akiwepo na asipokuwepo.

Ile ahadi ya kuifunga India ikaishia wapi?

Marudiano yalikuwa Dhaka, tarehe 18 Novemba 2025. Timu zote mbili zimeshatolewa, kwenye karatasi mechi haina maana, na uwanja ukajaa mpaka pomoni. Bangladesh hawakuwa wameifunga India tangu Januari 2003, miaka 22, kuna wachezaji kwenye kile kikosi walikuwa hawajazaliwa.

Dakika kama ya 11 Rakib Hossain anakimbia na mpira kushoto, anaingiza, Shekh Morsalin anagusa, 1-0. Alafu kwenye dakika ya 30 na kitu kipa Mitul Marma akatoka golini akakosea, mpira ukamfikia Chhangte wa India, goli liko tupu, akapiga. Nilishaona sare hapo. Ghafla kichwa kinatokea, afro ile, Hamza alikuwa amesharudi kusimama mahali ambapo kipa alitakiwa awepo, akautoa kwa kichwa.

Iliisha hivyohivyo, 1-0. Goli lilikuwa la Morsalin, kijana aliyekulia palepale Bangladesh.